Hewa ya Nje Si Kavu Siku Zote: Namna Sahihi ya Kupitisha Hewa Besimenti na Vyumba Vingine vya Nyumba

Mtu akilalamika kwamba chumba chake kinanuka unyevu, ushauri anaopewa haraka kuliko mwingine wowote ni kufungua madirisha ili hewa ipite. Kwa vyumba vingi na kwa siku nyingi ushauri huo ni sahihi. Lakini upo msimu, na ipo aina ya chumba, ambapo kufungua dirisha ndiko kunakoingiza maji, na chumba kinachoongoza kwa jambo hilo ni besimenti, yaani sehemu ya nyumba iliyochimbiwa chini ya ardhi. Wasomaji wa Kiswahili wanaoishi Marekani, Kanada na Ujerumani wanaijua kama stoo, chumba cha kufulia na wakati mwingine makazi ya kupanga. Nairobi na Dar es Salaam imekuja zaidi na majengo ya ghorofa, ikitumika kuegesha magari, kuhifadhi mizigo na kuweka pampu za maji. Kanuni zinazoitawala ni zilezile zinazotawala choo, jiko na chumba cha kulala, ila kwake makosa huonekana mapema zaidi.

Jambo la kwanza la kuelewa ni kwamba hewa hubeba maji yasiyoonekana, na kiasi inachoweza kubeba hutegemea joto lake. Mita moja ya ujazo ya hewa yenye nyuzi 30 za Selsiasi inaweza kubeba takriban gramu 30 za mvuke. Ikipoa hadi nyuzi 20, uwezo huo hushuka hadi gramu 17. Kwenye nyuzi 15 hubaki gramu 13, na kwenye sifuri hazifiki 5. Hewa iliyobeba mzigo wa nyuzi 30 inapogusa ukuta wa nyuzi 16 hulazimika kuutua mzigo uliozidi, na unapotuliwa ni juu ya ukuta huo, au juu ya bomba la maji baridi, au juu ya sanduku la nguo lililosogezwa ukutani.

Tuchukue mfano wa Chicago mwezi Julai. Siku ya joto la nyuzi 30 na unyevu wa asilimia 60, kila mita ya ujazo ya hewa ya nje ina gramu 18 hivi za maji. Udongo unaozunguka kuta za besimenti bado haujasahau baridi ya miezi iliyopita, na uso wa ukuta unaweza kuwa na nyuzi 16. Kwa joto hilo hewa haiwezi kushikilia zaidi ya gramu 13 na ushei, kwa hiyo gramu 4 au zaidi hazina pa kukaa. Besimenti ya mita za mraba 40 yenye kimo cha mita 2.5 ina mita 100 za ujazo. Hewa yake yote ikibadilishwa mara moja tu na kupoa hadi joto la ukuta, inaweza kuacha karibu nusu lita ya maji. Mwenye nyumba aliyefungua madirisha asubuhi na kuyaacha wazi mchana kutwa, akiamini kwamba anakausha, amefanya kazi ya kumwagilia. Njia inayofaa katika miezi hiyo ni kufunga madirisha na kuwasha mashine ya kukausha hewa, ambayo hupitisha hewa kwenye mabomba baridi na kukusanya maji katika ndoo au kuyapeleka kwenye mfereji.

Miezi sita baadaye mambo hugeuka kabisa. Hewa ya nje yenye nyuzi sifuri, hata ikiwa imeshiba unyevu, ina chini ya gramu 5 kwa mita ya ujazo. Ikiingia ndani na kupashwa hadi nyuzi 20, unyevu wake husomeka chini ya asilimia 30. Hapo kila dakika ya dirisha kuwa wazi hukausha nyumba. Ndiyo sababu Wajerumani wana desturi, ambayo mikataba mingi ya upangaji huitaja, ya kufungua madirisha yote wazi kabisa kwa dakika 5 hadi 10 mara kadhaa kwa siku wakati wa baridi, kisha kuyafunga. Mgeni huona ni kupoteza joto, kumbe katika muda mfupi kama huo kinachotoka ni hewa na mvuke wake, huku kuta na samani zikibaki na joto lake. Kinachopoteza joto kweli ni dirisha lililoinamishwa likawa wazi sehemu ya juu tu na kuachwa hivyo siku nzima, kwani hupoza ukuta unaolizunguka na kuuandalia kuvu mahali pa kuota. Kaya ya watu wanne, kwa kupumua, kupika, kuoga na kuanika nguo, hutoa kati ya lita 6 na 12 za maji kwa siku, na maji hayo lazima yapate njia ya kutoka.

Kwa hiyo swali la kuuliza kabla ya kufungua dirisha ni hewa ya nje imebeba maji kiasi gani ikilinganishwa na ya ndani. Hapa asilimia ya unyevu inayotangazwa katika taarifa za hali ya hewa hupotosha watu wengi. Dar es Salaam, hewa ya alfajiri yenye nyuzi 24 na unyevu wa asilimia 93 ina gramu 20 hivi za maji; hewa ya saa nane mchana yenye nyuzi 30 na asilimia 67 ina gramu zilezile 20. Asilimia imeshuka kwa sababu hewa imepata joto, lakini maji hayajapungua hata tone. Kipimo kinachosema ukweli ni kiwango cha umande, yaani joto ambalo hewa ikipozwa kulifikia huanza kudondosha maji, na programu nyingi za hali ya hewa kwenye simu hukionyesha. Kanuni yake ni rahisi: kiwango cha umande cha hewa ya nje kikiwa juu ya joto la ukuta wako, usiifungulie, kikiwa chini yake kwa nyuzi kadhaa, fungua. Joto la ukuta hupimwa kwa kipimajoto cha mwanga usioonekana, kile kinachoelekezwa kama tochi, au kwa kubandika kipimajoto cha kawaida ukutani na kukifunika kipande cha sponji kwa nusu saa.

Kanuni hiyo inaonyesha pia kwa nini nyumba ya Nairobi na nyumba ya Dar es Salaam haziwezi kupewa ushauri mmoja. Ardhini, kuanzia mita chache kwenda chini, joto hukaribia wastani wa mwaka wa mahali husika. Nairobi wastani huo ni kama nyuzi 19, na kiwango cha umande cha hewa yake mara nyingi kiko chini ya hapo, hivyo kupitisha hewa besimenti karibu siku zote hukausha. Ukiona ukuta wa besimenti ya Nairobi unachuruzika, mtuhumiwa wa kwanza awe maji ya ardhini au bomba lililopasuka, hasa kwenye maeneo ya udongo mweusi wa mfinyanzi ambao maji hayapiti kwa urahisi. Dar es Salaam ardhi ina joto la nyuzi 26 hivi na kiwango cha umande wakati wa masika hufika 24 au 25. Ukuta hautachuruzika, lakini hewa iliyoshikamana nao itakuwa na unyevu wa karibu asilimia 90, na kuvu huhitaji asilimia 80 tu kwa siku kadhaa mfululizo ili kuota. Kwa pwani, basi, upepo pekee hauwezi kukausha chumba cha chini ya ardhi wakati wa masika. Unaweza kuondoa harufu na moshi wa magari, ambalo ni jambo la maana, lakini nguo na makaratasi yasihifadhiwe humo bila mashine ya kukausha hewa.

Kabla ya kutumia hata shilingi moja kwenye feni, ni lazima ijulikane maji yanatoka wapi, kwa kuwa hakuna feni inayoweza kushinda maji yanayopenya ukutani. Kipo kipimo cha zamani kisicho na gharama. Kata kipande cha nailoni angavu cha nusu mita kwa nusu mita, kausha sehemu ya ukuta kwa kitambaa, kisha kibandike kwa gundi ya utepe pande zote nne bila kuacha mwanya. Kiache siku mbili. Matone yakitokea upande wa chumbani, juu ya nailoni, unyevu unatoka hewani na tatizo ni la hewa na joto. Yakitokea upande wa nyuma, kati ya nailoni na ukuta, au ukuta ukibadilika rangi pale ulipofunikwa, maji yanatoka ardhini kupitia ukutani. Unga mweupe wa chumvi unaochanua juu ya plasta ni ushahidi mwingine wa hali hii ya pili: maji yamepita, yamekauka, na chumvi yake imebaki.

Dawa ya maji ya ardhini huanzia nje. Gata za paa zimwage maji mbali na msingi, udongo uwe na mteremko unaotoka kwenye nyumba, na mfereji wa kokoto uzunguke msingi pale inapowezekana. Ninaona watu wengi wakianza na rangi ya kuzuia maji upande wa ndani, kwa sababu ndiyo inayouzwa dukani na ndiyo inayoonekana kuwa kazi. Rangi hiyo husukumwa na maji kutoka nyuma na kubambuka baada ya msimu mmoja au miwili.

Maji ya ardhini yakishadhibitiwa, ndipo linakuja suala la mwendo wa hewa. Hewa haiingii mahali ambapo nyingine haitoki. Chumba chenye dirisha moja, hata liwe kubwa, hubadilisha hewa kidogo kuliko chenye matundu mawili madogo yaliyo pande tofauti. Katika vyumba vya juu ya ardhi hewa yenye joto hupanda na kutokea juu, ikivuta ya nje kupitia chini, na ndiyo maana tundu la kutolea huwekwa karibu na dari. Besimenti haina bahati hiyo wakati wa joto. Hewa yake ni baridi na nzito kuliko ya nje, kwa hiyo hutulia chini kama maji ndani ya karai, na dirisha dogo lililo juu ya ukuta haliwezi kuiinua. Humo feni ni ya lazima, na bomba la kutolea hewa lianze chini karibu na sakafu, mbali kabisa na mahali inapoingilia hewa mpya. Vikiwa karibu, feni itazungusha hewa ileile ya kona moja na kuiacha nyingine ikioza.

Feni nayo ina hatari yake. Inapotoa hewa bila kuwapo njia ya wazi ya kuingizia nyingine, chumba huanza kunyonya popote pale: kwenye nyufa za sakafu, kwenye mifereji ya maji machafu, na kwenye dohani ya hita ya gesi. Hita ya maji ya gesi iliyo besimenti, ambayo moshi wake ulipaswa kupanda nje, huweza kurudishiwa moshi huo ndani. Katika nyumba za namna hiyo feni inayofaa ni ile inayoingiza na kutoa kwa kiasi kinacholingana.

Kuna sababu nyingine ya kuogopa besimenti inayonyonya udongo. Katika nchi nyingi ardhi hutoa radoni, gesi ya mionzi inayozaliwa kutokana na madini ya urani yaliyomo kwenye miamba na udongo. Haina rangi, harufu wala ladha. Shirika la Afya Duniani huitaja kuwa sababu kubwa ya saratani ya mapafu inayofuata uvutaji wa sigara, na mwaka 2009 lilipendekeza kiwango cha marejeo cha bekereli (kizio cha kupimia mionzi) 100 kwa mita ya ujazo, kisichozidi 300 pale hali ya nchi isiporuhusu kushuka zaidi. Kanada huchukua hatua kuanzia 200, Marekani kuanzia 148 hivi. Kufungua dirisha hupunguza radoni kwa muda, lakini likifungwa hurudi ndani ya saa chache. Tiba inayokubalika ni kutoboa zege la sakafu, kuzamisha bomba, na kuweka feni inayofyonza hewa ya chini ya sakafu na kuitoa juu ya paa kabla haijaingia nyumbani. Anayepanga besimenti Minnesota, Ohio au Ontario ana haki ya kuuliza kama nyumba imepimwa, na vifaa vya kupimia huuzwa kwa bei nafuu.

Gesi za jikoni zinahitaji akili tofauti, kwa sababu kila moja ina uzito wake. Gesi ya mitungi ni nzito kuliko hewa kwa mara moja na nusu hadi mbili. Ikivuja hutambaa sakafuni na kushuka ngazi, hivyo tundu la hewa lililo karibu na dari halisaidii kitu. Linalosaidia ni lile lililo usawa wa sakafu, likitokea nje. Kwa sababu hiyohiyo mtungi wa gesi hauwekwi besimenti, hata ukiwa mtupu, hata kwa siku moja. Gesi asilia ya mabomba, ambayo baadhi ya nyumba za Dar es Salaam na Mtwara zimeunganishiwa, ni nyepesi kuliko hewa na hupanda, kwa hiyo tundu lake liwe juu.

Kaboni monoksidi, inayotokana na mkaa, jenereta na magari, ina uzito unaokaribiana na wa hewa na huchanganyika nayo kila mahali. Hung'ang'ania damu zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni. Mkaa uliokwisha kuwa mwekundu, usiotoa moshi tena, huitoa gesi hiyo kwa wingi, na hapo ndipo watu wa Njombe, Mbeya, Limuru na kwingine kwenye baridi hudanganyika: huliwasha jiko nje, husubiri moshi uishe, kisha huliingiza chumbani wakidhani sumu imeisha pamoja na moshi. Dirisha lililoachwa wazi kidogo si kinga ya kutegemewa. Jiko la mkaa halilali chumbani na jenereta haiwashwi besimenti wala kwenye kibaraza kilichofungwa. Katika hili hakuna mahesabu ya kupiga.

Choo na bafu ni vyumba vyepesi kuvifikiria lakini hujengwa vibaya mara nyingi. Kiwango kinachotumika sana Marekani kwa feni ya bafu ni lita 25 za hewa kwa sekunde. Bafu la mita mbili kwa mbili lenye kimo cha mita 2.5 lina lita 10,000 za hewa, hivyo feni hiyo huibadilisha yote kwa muda usiozidi dakika 7, na ikiachwa ikizunguka dakika 20 baada ya kuoga huwa imemaliza kazi. Sharti ni mbili. Mlango uwe na mwanya wa sentimita moja na nusu au mbili chini yake, la sivyo feni itanguruma bure. Na bomba lake litokee nje ya nyumba. Si mara moja utakuta, ukifungua kifuniko cha dari ya jipsamu, kwamba fundi ameliacha bomba likining'inia juu ya kenchi: mvuke wote wa bafu umekuwa ukilowanisha mbao, na madoa ya kahawia kwenye dari yamekuwa yakisingiziwa kuvuja kwa mabati. Nafasi iliyo juu ya dari nayo huhitaji matundu yake, chini ya ukingo wa paa na juu karibu na kilele, yakiwa na wavu wa kuzuia popo na ndege.

Chumba cha kulala chenye kiyoyozi kina kutoelewana kwake. Kiyoyozi cha kawaida cha ukutani hakiingizi hewa ya nje hata kidogo. Bomba zinazopita ukutani hubeba kimiminika cha kupozea na maji yanayodondoka, na hewa inayopulizwa ni ileile ya chumbani. Watu wawili waliolala katika chumba cha mita 30 za ujazo kilichofungwa barabara huongeza kabonidayoksaidi kwa takriban sehemu 800 kwa kila milioni kila saa. Max von Pettenkofer, mwanasayansi wa Munich, alipendekeza mwaka 1858 kwamba hewa nzuri ya chumba isizidi sehemu 1,000, na kipimo chake bado kinatumika. Uzito wa kichwa wa asubuhi ambao wengi huulaumu ubaridi, mara nyingi una asili yake hapo.

Pwani, hata hivyo, huwezi kuwasha kiyoyozi na kufungua dirisha kwa pamoja, kwa kuwa hewa yenye kiwango cha umande cha nyuzi 25 ikiingia chumba cha nyuzi 19 italowanisha kila kitu. Tazama kioo cha dirisha la chumba kama hicho alfajiri: jasho liko upande wa nje. Nyuma ya kabati lililobanwa kwenye ukuta wa chumba hicho, viatu vya ngozi vimeota kuvu. Suluhisho la busara ni kupandisha kiyoyozi hadi nyuzi 25 au 26 na kukisaidia kwa feni ya dari, kuacha mlango wa ndani ukiwa na mwanya, kusogeza kabati sentimita tano au zaidi kutoka ukutani, na asubuhi kukizima kwanza na kungoja kuta zipate joto kabla ya kufungua madirisha. Kiyoyozi kikubwa kupita chumba nacho si faida, kwa kuwa hupoza haraka na kuzimika kabla hakijakamua maji ya kutosha.

Madirisha ya aluminiamu ya kuteleza yamechangia tatizo hili zaidi ya inavyosemwa. Hufunguka nusu tu ya upana wake, na wavu wa mbu hupunguza upepo tena. Nyumba nyingi za zamani zilikuwa na matundu ya kudumu juu ya madirisha, ambayo wapangaji wa leo huyaziba kwa magazeti na nailoni kwa kuogopa mbu na baridi. Wavu wa mbu uliobanwa vizuri juu ya tundu ungetosha.

Wajenzi wa Lamu na Mji Mkongwe wa Zanzibar walilitatua suala hili bila feni. Urefu wa boriti za mikoko uliwalazimisha kujenga vyumba vyembamba, vilivyopangwa nyuma ya kiwanda, yaani ua wa ndani usio na paa, ambao hewa ya moto ilipandia, na kuta nene za mawe ya matumbawe zilipakwa chokaa inayonyonya unyevu usiku na kuuachia mchana. Zilipoanza kupakwa plasta ya saruji, maji yaliyopanda kutoka ardhini yalikosa pa kutokea, yakapanda juu zaidi, na chumvi ya matumbawe ikaibambua plasta. Ukarabati unaostahili jina hilo hubandua saruji yote, huuacha ukuta ukauke kwa miezi kadhaa, kisha hupaka chokaa tena na kumalizia kwa rangi ya chokaa badala ya rangi ya plastiki.